Mtoto wa Nje wa Mtawala wa Wales

Baba yangu alinileta Texas kama mtoto wa kaka yake. Hivyo ndivyo alivyonitambulisha kanisani kwao Houston, na hakuna aliyeshtuka, kwa kuwa kwetu mtoto wa kaka ni mtoto wako. Unaweza kumwita mwanangu mbele ya watu wote bila kukiri lolote. Mimi nilimwita Anko. Mama alinizaa Nakuru, naye baba akaenda kuoa kwingine.

Nilikuwa nasoma chuo karibu na mji wa Euless, kaskazini mwa Texas, nikiishi na Wakenya wawili chini ya mngurumo wa ndege. Mwalimu wa historia alitupa orodha ya watawala wa kale, kila mmoja achague wake. Nikamchagua mtawala wa Wales, nchi ndogo iliyobanwa ubavuni mwa Uingereza, kwa sababu sheria ya kwao ilinigusa. Mwanamke aliweza kumpeleka mtoto kanisani, akaapa kwenye madhabahu kwamba baba ni fulani, na fulani akakubali au akakana. Akikubali, mtoto wa nje alirithi sawa na wa ndani.

Mtawala huyu alikuwa na mwana mkubwa wa nje. Kisha akaoa binti wa mfalme wa Uingereza, akapata mwana mwingine, akaipindua sheria ya babu zake ili mdogo arithi peke yake. Mzee alipokufa, mkubwa alifungwa na ndugu yake mwenyewe, akaishia mikononi mwa mfalme wa Uingereza, na mwishowe akaanguka kutoka mnara wa London akijaribu kutoroka kwa kamba ya mashuka. Niliandika kurasa tisa kwa hasira, na lawama zote nikamtwika mke. Nilimjua mke wa namna hiyo, au nilidhani namjua.

Mwalimu aliisifu insha. Jumamosi moja niliendesha gari kwa saa nne hadi Houston, insha mkononi na fomu ya uhamiaji ndani yake. Baba alikuwa raia wa Marekani. Angeitia sahihi kukiri kwamba mimi ni mwanawe kabla sijatimiza miaka ishirini na mmoja, ningepata makaratasi upesi. Baada ya hapo ningepanga foleni ya miaka mingi. Ilikuwa imebaki miezi miwili.

Aliisoma insha kwenye gereji, amesimama, miwani puani. Alisoma yote, hilo simnyimi.

"Huyu mzee alikuwa na akili," akasema. "Nyumba haiwezi kuwa na wenyewe wawili."

Nikamuuliza, na yule mkubwa je? Akasema angevumilia tu. Ndipo nikampa fomu. Hakuishika. Alinieleza kwa sauti ya chini kwamba alipoomba uraia aliandika ana watoto wawili tu, wale wa mkewe, na kwamba huyo mkewe akijua habari zangu atafungasha virago siku hiyo hiyo. Nimhurumie. Nami, mjinga, nikamhurumia. Nikamchukia yule mkewe aliyekuwa jikoni akinipikia chapati.

Ni yeye mke aliyenisindikiza hadi garini, chapati amezifunga kwenye karatasi ya foili. Nikazipokea bila kumtazama usoni. Akashika mlango nisiufunge.

"Aliku-sign-ia ile fomu? Niliiona ndani ya karatasi zako," akaniuliza.

Akasema alijua mimi ni nani tangu siku ya kwanza pale uwanja wa ndege, kwa masikio na mwendo, akangoja mumewe aseme mwenyewe. Kisha akaniambia habari ya fomu ile ya uraia, jinsi walivyoijaza pamoja kwenye meza ya kulia.

"Ni mimi nilikuwa namsomea maswali. Nilipofika pa watoto nikamwambia, weka na yule wa Nakuru, mimi sina neno. Akaniambia nisome swali linalofuata."