Askari Aliyefuata Nanga Yake Hadi Masaka

Najua utasema nimechanganyikiwa. Mume wangu ameshasema, wifi yangu ameshasema, na padri alinitazama tu, akaendelea kunywa chai yake. Semeni. Mimi haya niliyaona kwa macho yangu, langoni kwangu hapa Masaka, saa chache kwa gari kutoka Ziwa Kivu, nikiwa nimeshiba na akili zangu ziko sawa.

Mume wangu, Deo, ni fundi ujenzi. Kiangazi kilichopita alipata kazi ya kujenga vyumba vya wageni kwenye kisiwa kimoja cha Ziwa Kivu, kisiwa kidogo ambacho unaweza kukizunguka kwa miguu bila kutoka jasho. Wavuvi walimsimulia kwamba zamani, kwenye vita vya Wajerumani na Wabelgiji, Wajerumani walikifanya kituo cha mashua zao za vita. Walijenga gati la mawe, na mashua zikawa zinatoka pale kwenda kuwavizia Wabelgiji upande wa pili wa ziwa. Deo akalikuta gati limeliwa na maji, na kati ya mawe imekwama nanga ya chuma. Mtu mwingine angepiga picha akaenda zake. Deo wangu je? Kazi ilipokwisha aliing'oa, akaivusha kwa boti, akaipakia kwenye gari, akaja kuisimika kwa saruji kando ya lango letu, eti urembo.

"Sheri, hii ni historia," aliniambia; sheri ndiyo "mpenzi" yake.

"Ni chuma chakavu," nikamjibu. "Tena si chako."

Jioni moja, giza ndiyo kwanza linaingia na Deo hajarudi kutoka kazini, nikasikia hodi. Nilikuwa nasubiri kijana wa moto, yaani wa pikipiki, aniletee gesi, kwa hiyo nilifungua bila kuuliza. Akasimama mbele yangu mwanamume amevaa kaki, miguu imezungushiwa vitambaa hadi magotini, kofia yake ina kitambaa kinachoning'inia kufunika shingo. Ameloa chapachapa. Mvua hatukuwa tumeiona tangu kiangazi kianze.

"Jambo, bibi. Nimefuata nanga."

"Mwenye nyumba hayupo. Njoo kesho."

"Kesho ni mbali. Mashua haina cha kuishika. Inazunguka tu ziwani, na wenzangu wamo ndani."

Nikadhani ni mlevi, au ni mmoja wa marafiki wa Deo wenye mizaha isiyochekesha. Nikamtazama miguuni nipate cha kumsuta. Niamini: maji yalikuwa yanamchuruzika suruali nzima, tone kwa tone, na vumbi jekundu chini yake lilikuwa kavu kabisa. Hata alama ya unyevu hakuna.

Sikukimbia. Usinisifu, miguu ndiyo ilikataa. Na mimi nikishindwa kukimbia huwa nabishana.

"Baba," nikamwambia, "vita vilikwisha. Wajerumani walishaondoka, na Wabelgiji nao walishaondoka."

"Nani kasema?"

"Kila mtu anajua!"

"Bwana Luteni aliniambia nishike zamu kule gatini mpaka arudi mwenyewe. Wewe una amri ya nani?"

Wewe ungemjibu nini? Mzimu wa kutisha nimeusikia tangu utotoni kwetu Karagwe, lakini mzimu mbishi, unaotaka kujua cheo chako kwanza, sikuambiwa kwamba upo. Nikamfungia lango. Akasema kwa nje, bila hasira, kama mtu anayekukumbusha jambo la kawaida: "Basi aliyeng'oa nanga atashika zamu."

Deo aliporudi nikamsimulia. Akacheka mpaka akakaa chini.

Tangu hapo askari yule akawa anakuja kila jioni. Niko jikoni natwanga isombe, yaani kisamvu, hodi. Naanua nguo, hodi. Namwita Deo aje aone, anafika pale langoni, anatazama kushoto na kulia, ananiambia, "Mbona hakuna mtu?" Na yule yuko pale pale, karibu wagusane pua! Nikaanza kuamini kwamba kweli nimerukwa na akili, hadi jirani yangu Mama Divine aliponisimamisha njiani, uso umekunjamana.

"Mama, ule askari yenu mupya iko analoa kila siku," akasema. "Mbona munamunyima koti? Si vizuri."

Nilitaka kumkumbatia.

Kisha ikaja zamu ya Deo. Nikawa naamka alfajiri kitanda kiko kitupu. Namkuta amesimama kando ya nanga, pekupeku, wima kama mlingoti, macho wazi, nguo zimelowa hadi kifuani. Namvuta ndani. Kukicha anasema ametoka jasho. Jasho gani linanuka sambaza, dagaa wa Kivu? Akaanza kukohoa, akakonda, mchana akawa anasinzia amesimama, na siku moja akaanguka kutoka kwenye jukwaa la kazini. Bahati yake aliangukia mchanga. Bado anasema ni uchovu!

Alfajiri moja nilimwendea nikamwita jina.

"Simama hapo," akasema. "Nani? Sema neno la siri."

Haikuwa sauti yake. Hata Kiswahili hakikuwa chake. Deo amekulia Bujumbura, na Kiswahili chake nakijua. Nikamwambia ni mimi, mkeo. Akanitazama kama anavyotazamwa mgeni asiye na kibali. Hapo hasira zote ziliniisha, nikalia.

Kulipokucha nilichukua nyundo na tindo nikaanza kuivunja ile saruji mwenyewe. Deo akatoka mbio: "Saruji yangu!" Hakusema afya yake, hakusema mke wake, saruji. Mama Divine alinisaidia kuipandisha nanga kwenye gari, Deo nikamfunga mkanda, nikaendesha hadi Kivu. Njia nzima alikuwa amelala.

Tulifika kisiwani mchana, jua kali. Askari alikuwa ameshasimama gatini anatungoja. Mwenye boti iliyotuleta ghafla akapata kazi nyingi sana kwenye injini yake, hakuinua uso tena. Tukaishusha nanga palepale kwenye mawe. Yule askari akainama, akashika kamba ambayo mimi sikuiona, akavuta taratibu, akavuta tena. Kisha nikasikia mbao zikigusa mawe, karibu kabisa na miguu yangu. Mtu akakohoa. Mwingine akacheka kidogo, kama anayeamka. Ziwa lilikuwa tupu.

"Haya, umemaliza," nikamwambia. "Nenda nyumbani kwako."

"Bwana Luteni hajarudi."

"Hatarudi!" Nilipiga kelele, sikuficha. "Amekusahau, baba! Amekufa na amekusahau!"

Akanitazama, na kwa mara ya kwanza nikaona kwamba alikuwa kijana tu, pengine hajafika umri wa kuoa.

"Na kama nikiondoka halafu akaja, bibi, nitamwambia nini?"

Ndipo Deo, aliyekuwa amebaki botini, Deo ambaye hakuwahi kuona mtu, akasema kwa sauti ya chini: "Mwache, sheri. Anajua kazi yake. Twende."

Tulipokuwa njiani nikamuuliza: "Kumbe ulikuwa unamwona?"

"Nani?" akasema.

Nusura nimshushe pale Muhanga, katikati ya safari, arudi kwa miguu.

Deo amepona, anakula, analala hadi asubuhi. Anasema ilikuwa malaria, ingawa kila kipimo kilikataa. Kazi zote za karibu na ziwa anazikataa siku hizi. Ukimuuliza sababu, anasema mbu. Mimi hodi ya jioni siifungui mpaka nichungulie vumbi lililo chini ya miguu ya mgeni.

Nawe unayekwenda kutalii visiwani, chuma cha vita kiache kilipo, hata kikikupendeza namna gani. Na kama kuna mtu uliwahi kumwambia "ningoje hapa", ukaenda zako, nakusihi: rudi ukamwambie basi, yatosha. Wapo wanaongoja kweli.