Pindo la Pazia

Mdogo wetu, kitinda mimba, ni msanii. Msanii wa nini, usiniulize. Anapiga filamu, halafu anaipeleka jukwaani na kuongea nayo mbele za watu. Mimi ni nesi; kazi yangu hata aliyezimia anaielewa.

Baba ni fundi cherehani, mwaka wa arobaini huu. Wateja wakimuuliza habari za wanawe hujibu bila kuinua macho: wa kwanza nesi, wa pili mwalimu. Na wa mwisho? "Yupo." Basi. Neno hilo lilimchoma mdogo wangu miaka tisa, na mimi, Mungu anisamehe, nilikuwa nacheka. Mzigo wa mwenzio kanda la usufi.

Siku moja akaja na kamera kwenye kibanda cha Baba cha ushonaji, eti anaijaribu. Akamuuliza Baba yale yale ya wateja, naye akajibu yale yale huku akikanyaga cherehani. Kabla ya kuondoka akaomba ashonewe pazia jeupe, pana la kuziba ukuta. Baba alilishona harakaharaka, akiguna kwamba mtu wa chumba kisicho na dirisha anataka pazia la nini.

Jumamosi alasiri akatualika. Ukumbi ulikuwa ghala la zamani, viti vya plastiki, watu hadi mlangoni. Baba alivaa koti lake la kuendea harusi za watu, na futi ya kupimia ikamning'inia shingoni, alisahau kuivua. Taa zikazimwa, na kwenye lile pazia akatokea yeye mwenyewe, uso mkubwa kama mlango. Mdogo wangu akasimama mbele yake pekupeku, akauliza wa mwisho anafanya kazi gani.

"Yupo," akasema Baba wa kwenye pazia.

Halafu kimya. Kumbe ndivyo alivyopanga: dakika nzima, ili neno lituingie. Mimi liliniingia. Niliona aibu kwa vile vicheko vyangu vyote, nikamwonea uchungu mdogo wangu, na papo hapo nikamkasirikia, maana huku ni kumwanika mzee hadharani. Baba akainuka. Nikajua anaondoka.

Hakuondoka. Alipanda jukwaani, akapiga goti, akachomoa pini kwenye ukosi wa koti na kuanza kuvuta pindo la pazia, lililokuwa limejikunja likiupindisha mdomo wake wa pichani. Akalinyoosha, akabana, akarudi nyuma hatua moja kutazama. Uso wake ukakaa sawa.

"Ungeniambia ni la kazi," akamwambia mwanawe taratibu. "Ningelishona pindo mara mbili."

Watu wakapiga makofi wakidhani yamo kwenye igizo. Msanii wetu, aliyepanga kila sekunde, akasahau swali lililofuata, akabaki analia pale pale. Wajuzi waliokuwepo waliisifu sana ile sehemu ya fundi, filamu hawakuitaja.

Juzi mteja mgeni alimuuliza Baba habari za wanawe. Wa kwanza nesi, wa pili mwalimu. Na wa mwisho?

"Huyo nafanya naye kazi," akasema Baba. "Suruali yako ifuate Jumatatu. Ijumaa tuna onyesho."