Mama Aliyeachwa Mlangoni

Msusi wangu wa mtaa wa Small Heath, mama Mkongo kutoka Goma, ndiye aliyenitumia sauti kwenye simu: yule mzee wetu wa Kolombia hatunaye tena, moyo umesimama akiwa mezani pake akiandika. Tangu hapo, msomaji wangu, roho yangu haijatulia, na si kwa ajili ya marehemu peke yake.

Mzee huyu aliandika filamu mbili tatu ambazo, kwa maneno yake, zilitazamwa na jamaa zake tu. Kisha akahamia tamthilia za televisheni, zile za Kihispania ambazo kwetu Nakuru zilimfanya mama aunguze mboga. Aliziandika huku zikirushwa: mwigizaji akigoma leo, kesho mhusika wake anaanguka kwenye ngazi na kufa. Hata alipomfuata binti yake hapa Birmingham aliendelea kutuma kazi kwao, na kila kipande alikijaribia kwanza saluni kwa msusi wangu. Alikaa kando ya wasusi, akasimulia kwa Kiingereza cha kuokoteza, macho yakiwa kwenye mikono yao. Mikono ikiendelea kusuka, kipande hicho alikitupa. Ikisimama, alicheka, akaenda zake kupanda basi la Balsall Heath.

Hadithi yake ya mwisho ilimhusu mama aliyepotezana na mwanawe wakikimbia vita. Mikono ilisimama kila alipoisimulia. Msusi wangu naye ana binti aliyepotea vivyo hivyo, na hadi leo hajui yu hai au la. Akamsihi mzee awakutanishe mama na mwana wa hadithini. Mzee akasema bado, watu wakifurahi mapema wanazima televisheni. Ngoja ngoja huumiza matumbo, nikamwambia, naye akacheka. Siku ile alimwacha yule mama mlangoni, amebisha hodi, hatua zinasikika ndani. Akavaa kofia akaondoka. Hatukumwona tena.

Sasa tunasikia kampuni imetafuta mwandishi mwingine amalizie, mtu asiyetujua. Nahofia atakachokifanya. Sisi waandishi tunaoishi kwa kuwangojesha watu tunajidanganya kwamba kesho ni mali yetu. Aliye na neno jema na aliseme leo.

Juzi nikiwa kitini, msusi akaniuliza, "Ule mama, nani atamufungulia mulango?"

Nikajibu bila kufikiri: umeshafunguliwa, na aliyefungua ni binti yake mwenyewe.

Mikono yake ikasimama kichwani kwangu. Nikaogopa kwamba nimemwumiza. Kisha akauliza, polepole, "Amekuwa mukubwa?"