Ndoo ya Mawe ya Kiwanja cha Munigi

Wazee wanasema mugeni siku mbili, siku ya tatu mupe jembe. Mimi walinipa jembe siku ya kwanza, tena asubuhi. Nilikuwa nimefika ku chuo chetu cha juu, upande wa Munigi, kuanza kazi ya ukocha wa timu ya wanafunzi. Nilivaa viatu vipya, na filimbi shingoni. Shefu wa michezo, muzee munene mwenye sauti kubwa, akanipeleka nyuma ya majengo, akanionyesha kiwanja: mawe meusi ya volkano, toka goli mpaka goli.

"Papa Shefu, na mupira iko wapi?"

"Mupira itakuja. Anza na mawe, Kochi."

Ninyi vijana munafikiri kocha ni mutu wa kusimama pembeni na kupiga kelele. Aka! Sisi tulivunja mawe kwa nyundo, tukamwaga kokoto, tukachora mistari kwa majivu. Na mawe yale hayaishi: mvua ikinyesha, mengine yanatoka chini. Ndiyo sababu niliweka sheria moja: hapana takle. Takle ni kuteleza chini, muguu mbele, ili kumunyang'anya mwenzako mupira. Kwenye nyasi ni ufundi. Kwetu ilikuwa kuchunwa paja kama mbuzi. Mwenye kupiga takle alipewa ndoo aijaze mawe, wenzake wakimucheka. Basi watoto wangu walijifunza kucheza wima na kupasi haraka kabla adui hajafika, na ndoo ile ikasafisha kiwanja miaka na miaka. Najivunia kazi hiyo, siwafichi.

Mashefu walipita, mimi nikabaki. Musimu wangu wa mwisho kabla ya pansheni, akaja Direkta Jenerali mupya wa chuo, mutu wa suti na maneno machache. Akaniita ku biro, ofisini kwake.

"Kochi, kwenye kiwanja chako nitajenga oditware, ukumbi wa masomo. Wanafunzi wanasoma wamesimama, hakuna chumba cha kuwatosha."

"Muheshimiwa, na timu?"

"Timu imeleta nini? Muniletee kombe musimu huu, nitajenga fasi ingine. Bila kombe, katapila inaingia."

Katapila! Nilitoka mule na hasira. Vijana niliwaambia yote. Kaptene wetu, beki, alikuwa Bahati, mutoto wa mutaa wa Ndosho, mwenye mudomo.

"Kochi," akasema, "hiyo katapila itapita juu yetu kwanza."

Tukapiga timu moja baada ya ingine mpaka fainali. Ilichezwa Himbi, karibu na ziwa, kwenye nyasi ya kijani kama majani ya sombe. Weh, tuliteseka! Wapinzani walikuwa wanateleza miguuni mwetu na kutunyang'anya kila mupira. Watoto wangu wakaruka kando, wakaogopa ile nyasi kama imeficha nyembe. Tulifika mapumziko tumefungwa moja bila. Niliwakuta wamekaa, wanapapasa chini kwa mikono.

"Kochi," Bahati akasema, "utufungulie."

"Niwafungulie nini?"

"Sheria. Utuache tuanguke. Hapa hakuna mawe, papasa mwenyewe."

Moyo uliniuma. Sheria ile ndiyo ilikuwa ukocha wangu wote, ndiyo ilitufikisha pale. Nilitaka kusema aka, hapana. Halafu nikafikiri ile katapila. Nikainama, nami nikapapasa. Ilikuwa laini kabisa.

"Haya, muanguke," nikasema. "Lakini muanguke na akili."

Akili gani! Walianguka kama magunia ya viazi yanayoshushwa ku kamio ya mizigo. Mumoja aliteleza, akakosa mupira, akamukosa na adui, akaishia kwenye miguu ya refa. Wasupota wakashika mbavu. Lakini wapinzani walichanganyikiwa, hawakujua tena nani atasimama na nani atalala. Tukarudisha, tukaongeza la pili. Mwishoni mushambuliaji wao akabaki peke yake na goli tupu. Bahati akajitupa muzima muzima, akautoa mupira kwenye mustari, na kombe likawa letu. Nililia mbele ya watu wote, na sikupangusa machozi.

Direkta alishika neno lake. Oditware ilijengwa upande wa barabara, na kiwanja kikabaki cheusi vilevile.

Sasa niko nyumbani, na vijana wa kocha mupya wananiuliza siri ya kazi. Nawaambia: weka sheria, uishike kwa nguvu, na siku ya kuifungua usisubiri mutu akusukume mara mbili.

Siku ya kuniaga tulicheza mechi ya furaha, kwetu, kwenye kokoto. Wakubwa walikaa kwenye viti. Mutu akapenya na mupira kuelekea goli, na Bahati, mukorofi yule, akapiga takle palepale juu ya mawe! Akaamka anacheka, damu inashuka kwenye paja.

"Kochi, leo uko pansheni. Hauwezi kunipa azabu!"

"Ndoo iko fasi yake," nikamujibu. "Ijaze."

Akaenda kuichukua, anachechemea. Safari hii wenzake hawakumucheka, waliinama naye. Nami nikavua koti nikainama. Kuinua macho, nikaona Direkta Jenerali ameacha kiti chake. Alikunja suruali ya suti, akaokota kajiwe keusi, akakaleta mpaka kwenye ndoo.

"Kochi, hata haka kadogo?"

"Hata hako, Muheshimiwa. Hako ndiko kanakata sana."