Bonde la Nyuma ya Goti

Projestus aliacha seminari Bukoba bila upadri, lakini Kilatini hakikumwacha. Mwaka 1951 alikuwa karani wa ghala huko Chang'ombe. Wahaya wa mtaa ule walipokutana na neno gumu, la Misa au la dawa, walimpelekea yeye. Aliwapa mzizi wake kwanza, kisha maana. Kwa maneno, hakuna aliyekumbuka kwamba amewahi kukosea.

Mkewe, Genoveva, aliota uvimbe nyuma ya goti la kulia. Hospitali, daktari aliubonyeza, akamtajia msaidizi wake neno "popliteal", kisha akasema kwa Kiswahili kwamba mama alazwe siku hiyohiyo. Genoveva aliogopa kisu. Walipoketi kwenye benchi la nje alimuuliza mumewe kwa heshima ya Kihaya, "Ta Projesti, amesema nina nini?"

Neno alilijua, na alifurahi kulijua. Linatokana na poples, alimweleza. Ndivyo Warumi walivyoliita lile bonde la nyuma ya goti, pale mguu unapojikunja. Basi ni jina la mahali tu, si la ugonjwa. Na nani anakunja goti zaidi ya mwanamke wa Kihaya, anayepiga magoti akisalimia wakubwa, akimwandalia mume chakula, na tena kanisani?

"Ni kupiga magoti huko. Pumzika."

"Lakini unadunda. Ukiuwekea kidole, unadunda kama moyo."

"Utatulia."

Wakarudi nyumbani. Tangu hapo Genoveva alisalimia wageni wima, macho chini kwa aibu, na Projestus akawaeleza sababu pamoja na asili ya neno. Mauwa, jirani yao kutoka Lindi, alivumilia mara mbili tatu, kisha akamuuliza:

"Shemeji, mguu huo unautibu au unausomesha?"

Watu wakacheka. Genoveva naye akacheka.

Haukupita muda mrefu, vidole vya mguu vikawa baridi, kisha vikaanza kuwa vyeusi. Mauwa ndiye aliyetafuta gari. Daktari yuleyule safari hii alizungumza Kiswahili kitupu: uvimbe ule ulikuwa mshipa mkubwa wa damu uliotutumka. Damu imeganda ndani yake, na mguu umekufa. Angelazwa siku ile, huenda ungepona.

Waliukata juu ya goti.

Projestus alipoingia wodini alisimama kando ya kitanda, kofia mkononi.

"Genoveva, lile neno nililitafsiri sawasawa."

"Najua." Alikuwa akitazama ukuta. "Mie sikukuuliza neno. Nilikuuliza nina nini."

Hakukasirika, na pengine hilo lilikuwa gumu zaidi kulipokea. Kaka yake Genoveva, Ansbert, alikuja kutoka Bukoba kumchukua. Alisema dada yake atakaa kwao mpaka azoee mguu mmoja. Wote watatu walijua maana yake. Stesheni, Ansbert alimbeba mgongoni hadi ndani ya behewa la treni ya Mwanza. Projestus alinyoosha mikono kusaidia, lakini Genoveva alikuwa ameshamshika kaka yake shingoni.