Paka wa Madam na Leso ya Harusi

Nilimfunga paka wa watu leso ya mamangu, nikamrekodi, nikamrusha mtandaoni. Ujinga wenyewe ndio huo.

Shule zilikuwa zimefungwa, na mama hakuniamini kubaki peke yangu kwetu International City, mtaa wa huku ughaibuni. Akanikokota kwa basi na metro hadi Al Barsha, kwenye fleti ya madam anayemfanyia kazi za nyumbani. Madam hayupo. Paka yupo, kajilaza kochini, mweupe, uso umebonyea kama aliyebamizwa mlango. Miaka hiyo mnyama ndiye staa: kwenye sinema anaongea, kwenye simu anacheza densi, na darasani kwetu mwenye video ya paka aliheshimiwa kuliko aliyepasi hesabu. Mimi na hesabu tulishaachana kitambo. Nikatoa leso mkobani mwa mama, nikampiga paka kilemba na buibui. Mama akaingia na ufagio, simu inayorekodi hakuiona, akamwambia paka, "Shuka hapo, bibi harusi. Manyoya yako nitayaokota mimi, kabla madam hajarudi."

Kabla ya Ijumaa shule nzima ilikuwa imeiona. Madam naye aliiona. Nikajua kazi ya mama khalas, imekwisha, kumbe alicheka mpaka machozi, akataka nyingine. Watu nisiowajua waliuliza paka anakula nini, anaogeshwa na sabuni gani. Mwenye sauti hakuulizwa hata kama amekula.

Halafu video ikafika Mombasa, tulikotoka. Leso ile ilikuwa sare ya harusi ya mama mdogo; wanawake wote wa kwetu waliivaa siku ile. Wakaitambua leso, kisha wakaitambua sauti. Na mama, tangu tuhamie huku, alikuwa amewaambia anakaa mapokezi hotelini. Hata mimi nikipiga simu niliusindikiza uongo huo, nikamwongezea na kiti cha ofisini, kile cha kuzunguka.

Mama mdogo akatuma ujumbe wa sauti, nyuma yake kicheko cha nyumba nzima: "Dada, hoteli yenu siku hizi wageni wana mikia?"

Mama aliusikiliza amesimama jikoni. Akaurudia. Nikamwambia naifuta video sasa hivi.

Aliichukua leso, akaanza kuitoa manyoya meupe, unyoya mmoja mmoja, bila kunitazama.

"Iache. Waliobaki kuiona nao wacheke leo leo, nisije nikaaibika mara ya pili."