Biskuti za Ubatizo

Mama yangu alijifunza kuoka biskuti katika nyumba ya Mzungu mmoja wa reli, alikokuwa yaya kabla hajazaa mtoto wake wa pili. Hakuna aliyemfundisha. Alisimama kwenye mlango wa jiko la yule bibi wa Kizungu, mtoto wao mgongoni, akatazama, kisha akarudi nyumbani na vipimo vyote kichwani. Kule walikuwa na jiko la chuma lenye mlango. Sisi tulikuwa na mafiga matatu uani, kwa hiyo mama akatafuta njia yake mwenyewe: sufuria kubwa yenye mchanga chini, sahani ya bati juu ya mchanga, mfuniko, na makaa juu ya mfuniko. Siagi hakuwa nayo. Alitumia samli ya wafugaji wa upande wa Nzega, na biskuti zake zilikuwa na harufu ambayo sijaikuta tena kwenye biskuti za dukani.

Lakini kilichowaleta watoto wa mtaani hadi ukutani kwetu ni pipi. Zilikuwa ndogo za duara, nyekundu, za kijani na za njano, ambazo Mhindi wa duka la karibu na stesheni aliziweka katika chupa kubwa ya kioo. Mama alizikandamiza juu ya kila biskuti kabla ya kuiweka motoni. Alioka Noeli, alioka Pasaka, na alioka kila mtoto wake alipobatizwa.

Tulikuwa wanne. Mimi ndiye mkubwa, wakafuata wadogo zangu wawili wa kiume, halafu msichana aliyekuwa na miaka mitatu. Mama hakutaka mtu akae bure siku ya kuoka. Mimi nilikanda na kukata unga kwa mdomo wa bilauri. Wavulana waliangalia makaa. Mdogo wetu alikaa mapajani kwa mama, akabandika pipi kwa kidole gumba, moja katikati ya kila biskuti, na mama alimngoja hata akichelewa.

Mwaka nilipotimiza miaka kumi na mmoja mama alikuwa na mimba tena. Mvua zilikuwa zimekolea. Uchungu ulimshika siku mbili, na siku ya pili walimpeleka hospitalini akiwa amelazwa juu ya mkokoteni, amefunikwa turubai kwa sababu ya mvua. Baba hakuwepo. Alifanya kazi kwenye treni za mizigo, na juma lile alikuwa njia ya Kigoma. Mama alijifungua mtoto wa kiume, akafa kabla ya adhuhuri, na mtoto akamfuata jioni ile ile. Mkunga aliwahi kumbatiza mtoto kwa maji ya kwenye kikombe. Bibi yangu, mama yake mama, alilirudia jambo hilo kwa kila aliyekuja kutoa pole. Alilisema kwa sauti ya chini, kama mtu anayeonyesha kitu kidogo alichofanikiwa kuokoa.

Baba alifika siku moja baada ya mazishi. Alikaa kwenye kigoda uani na koti lake la kazi likiwa na masizi, na sikumwona akilia. Aliuliza tu mama alivikwa gauni gani. Shangazi alipomwambia, akatikisa kichwa kuonyesha kwamba analijua gauni hilo.

Siku ya kuanua matanga watu wazima walifanya kikao chumbani. Mimi niliingiza chai, na kwa kuwa nilikuwa na sinia mkononi hakuna aliyenifukuza. Ndivyo nilivyosikia jinsi tulivyogawanywa. Baba hangeweza kukaa na watoto wadogo wakati kazi yake ni kulala Kigoma leo na Mwanza kesho. Baba mkubwa, aliyekuwa na mashamba Ntalikwa, angewachukua wavulana. Mama mkubwa, dada yake mama, angemchukua mdogo wetu hadi Puge, kwa kuwa yeye hakujaliwa mtoto. Mimi ningebaki na baba, kwa sababu nilikuwa najua kupika na nilikuwa nasoma shule ya masista. Walizungumza kwa upole sana. Hakuna aliyetaka kututupa, na hilo nililijua hata siku ile. Nilimtazama baba nikingoja aseme neno. Alisema, "Basi iwe hivyo," akapokea kikombe chake.

Safari ilipangwa iwe keshokutwa. Kesho yake watu wazima walikwenda kanisani, kwenye misa ya kumwombea marehemu, nasi watoto tukaachwa na bibi, ambaye miguu yake ilikuwa imevimba. Alikuwa amelala kitandani kwa mama. Nilikwenda kutafuta unga wa uji, na nyuma ya debe la unga nikakuta kopo la chai lililofungwa kwa kitambaa. Nilidhani ni majani ya chai. Nilipolifungua nikakuta pipi, zimejaa hadi juu, rangi zote tatu. Mama alikuwa amezinunua mapema kwa ajili ya ubatizo wa yule mtoto.

Nilikaa chini na kopo lile. Kisha nikawaita wenzangu, nikawaambia tunaoka biskuti.

Mdogo wangu wa kwanza, aliyekuwa na miaka tisa, aliniuliza kama inaruhusiwa. Nilimwambia mama ndiye aliyeziacha. Hakuuliza tena, akaenda kuwasha moto. Wa pili alichota mchanga nyuma ya choo, nikamrudisha akachote kwingine. Nilimwaga unga wa ngano kwenye bakuli, nikaweka samli, nikavunja mayai mawili ya bibi, na hapo ndipo nilipogundua kwamba sijui vipimo. Miaka yote nilikuwa nimekanda, lakini aliyepima ni mama, kwa kiganja chake, bila kusema kitu. Nilitia sukari nikaona haitoshi, nikaongeza. Unga ukawa laini mno, ukashika vidole. Nikaongeza unga, ukawa mgumu. Wavulana walikuwa wamesimama pembeni wakinitazama, na katika macho yao niliona kwamba wameanza kuogopa, nami niliogopa pia, lakini nikakata biskuti kwa bilauri kana kwamba kila kitu kiko sawa.

Mdogo wetu nilimkalisha juu ya mkeka na kumpa kopo. Nilimwambia abandike moja moja katikati, kama siku zote. Alibandika nne au tano. Halafu nilipogeuka kuangalia makaa, nikamkuta ametia pipi mdomoni, anazinyonya mpaka rangi inatoka, kisha anazirudisha juu ya biskuti zikiwa nyeupe. Biskuti nane hivi zilikuwa na vitone vyeupe, vyenye mate. Mikono na kidevu chake vilikuwa vyekundu na vya kijani. Alikuwa anafurahi. Nadhani ilikuwa mara ya kwanza kucheka tangu mama aondoke.

Nilimpiga kofi. Sikumpiga mkononi, kama mama alivyofanya akichokozwa sana. Nilimpiga usoni, kwa nguvu zangu zote, akaanguka kando ya mkeka. Hakulia mara moja. Alinitazama kwanza, kama anayejaribu kunitambua, ndipo akalia, na aliyemlilia ni mama. Aliita "mama" mfululizo, sauti ikikatika, mpaka wavulana nao wakaanza kulia, na bibi akatoka ndani akiburuta miguu.

Bibi aliangalia uwanja mzima: moto, unga uliomwagika, kopo, mtoto mwenye alama za vidole vyangu shavuni. Nilingoja anipige. Alimwinua mdogo wetu akamweka begani, kisha akaniambia, "Malizia. Umeshaanza."

Nikamalizia. Zile zenye mate niliziweka motoni kama zilivyo. Makaa ya juu yalikuwa mengi mno, na pipi ziliyeyuka, rangi zikachuruzika zikachanganyika na kuwa kahawia. Nyingine ziliungua kabisa. Za mama hazikuyeyuka hivyo. Alikuwa na ujanja fulani, labda aliweka makaa machache juu, labda aliyaondoa mapema. Sikuwahi kujua, na wa kuulizwa hakuwepo.

Watu waliporudi kutoka kanisani, mama mkubwa aliona moshi na sinia ya biskuti, akaniuliza kwa ukali ni nani aliyetufundisha kufanya sherehe kwenye nyumba ya msiba. Bibi alimwambia kwa Kinyamwezi atuache. Mama mkubwa alipoliona lile kopo la chai aliingia ndani, na tulimsikia akilia huko kwa muda mrefu.

Baba alikuja akachuchumaa mbele ya sinia. Alichukua biskuti moja iliyoungua, akaitafuna polepole mpaka ikaisha. Nilitaka aseme kwamba ni mbaya. Nilitaka aseme chochote. Alinishika kichwani, akasimama, akaenda kuumwagia maji ule mkokoteni uliompeleka mama hospitalini, ingawa ulikuwa safi.

Wavulana waliondoka asubuhi ya pili kwa miguu na baba mkubwa. Hapakuwa mbali. Niliwafungia biskuti kwenye kitambaa, na yule wa miaka tisa aliubeba ule mzigo kichwani kama mtu mzima. Mama mkubwa alipanda lori la karanga lililokuwa linakwenda njia ya Nzega. Mdogo wetu alikuwa mgongoni kwake, amefungwa kwa kanga ya mama. Nilikuwa nimekesha nikipanga maneno ya kumwambia: kwamba anisamehe, kwamba nilikuwa na uchungu, kwamba sikukusudia. Nilisogea karibu na lori nikamwita kwa jina lake la nyumbani. Alipoona ni mimi aligeuza uso upande wa pili na kuuficha kwenye mgongo wa mama mkubwa. Nilimpa biskuti mkononi. Hakuishika, ikaanguka. Lori likaondoka.

Wavulana niliwaona mara kwa mara, Jumapili walipokuja mjini. Walikua wakawa wakulima, na mmoja akafa kwa homa kabla hajaoa. Puge sikwenda. Baba alisema tutakwenda mavuno yakiisha, na mavuno yakaisha mara nyingi. Nadhani aliogopa kumwona mtoto. Mimi pia niliogopa, nikajificha nyuma ya woga wake.

Nilipokwenda nilikuwa na miaka ishirini na moja, mwalimu tayari, na baba alikuwa ameshazikwa. Nilishuka kwenye lori nikamkuta msichana mrefu anatwanga karanga uani kwa mama mkubwa. Aliacha mchi, akapiga goti kidogo, akanisalimu kwa Kinyamwezi, "Mwangaluka," kama mgeni anavyosalimiwa. Alikuwa na paji la uso la mama. Nilijibu salamu yake kwa shida, kwa sababu mimi nilikuwa nimekulia katika Kiswahili cha mjini, na yeye Kiswahili alikisema polepole, akitafuta maneno. Mama mkubwa alimwita mwanangu. Yeye alimjibu, "Naam, mama."

Jioni tulikaa wawili tukichambua mboga, nikamsimulia. Nilimweleza juu ya kopo la chai, juu ya biskuti, na jinsi alivyonyonya pipi mpaka zikawa nyeupe. Nikamwambia nilimpiga kofi, na kwamba miaka yote nimekuwa nikitaka kumwomba msamaha. Alinisikiliza kwa adabu, mikono yake ikiendelea na kazi, kama mtu anayesimuliwa habari za ukoo mwingine.

"Dada, mimi sikumbuki," alisema. "Hata huyo mama simkumbuki."

Kisha akaniomba radhi kwa kutokumbuka, akachukua ndoo kwenda kisimani.

Mama mkubwa alikuwa ametusikia. Alikuja akakaa mahali pale alipokuwa amekaa mtoto, akaokota majani yaliyobaki. Alikuwa amezeeka. Aliniambia hana neno nami, na kwamba nyumba yake ni yangu, nije nitakapo.

"Ila usimsimulie tena hayo," alisema. "Ametulia. Mimi ndiye aliyemlaza siku zile, alikuwa anaamka akiita. Ilichukua mwaka mzima."

Nikamwambia nimesikia. Nimelishika neno lake mpaka leo, na yeye mwenyewe ameshafariki. Tukikutana na mdogo wangu, kwenye msiba au kwenye harusi, tunaulizana habari za mvua na za watoto, tunakula pamoja, na asubuhi kila mmoja anarudi kwake.